Mjusi Juu ya Sinia la Hitima

Kama gazeti la wiki jana lilikufikia likiwa limefungiwa vitumbua, na mafuta yamekula nusu ya hadithi, chukua haya machache.

Zakia, binti wa Mtama, bara ya Lindi, aliolewa na Yassin wa Kilwa Masoko, mnunuzi wa pweza kutoka Songo Mnara. Wakaishi kwa mama yake Yassin, Bi Mwanahija, mjane mwenye runinga kubwa kuliko zote mtaani. Bi Mwanahija alikuwa mtu wa kawaida, mdomo mwingi lakini hana ubaya, mpaka alipoonja tamthilia za Kihindi. Tangu hapo nyumba haikukalika.

Alianza na funguo. Nyumba yenyewe ina milango miwili na kabati la vyombo, lakini yeye alifunga shada zima la funguo kwenye pindo la kanga, nyingine za makufuli yaliyokwisha kutupwa, ili akitembea zilie. Alimwiga mama mkwe mmoja wa kwenye tamthilia ambaye wanawake wa mtaa wamempa jina la Mama Funguo. Akawa analala na hereni. Akawa anapaka wanja kwenda gengeni kununua bamia. Kisha akamtaka Zakia ainame kila asubuhi amguse miguu, eti shikamoo peke yake haina uzito. Zakia aliendelea kusema shikamoo. Marahaba haikurudi.

Tukaishia kwenye hitima ya marehemu baba mkwe. Mzee Maftaha, kaka mkubwa wa marehemu, alinyanyua pande la nyama juu ya sinia la pilau, na chini yake akamkuta mjusi kafiri amelala chali, mdomo wazi.

Mpishi wa pilau hilo alikuwa Zakia.

Barazani palisikika watu wakitema. Mmoja alikimbilia uani na mkono mdomoni. Mwingine aliyekwisha kumeza tonge la tatu alibaki anaangalia vidole vyake kama si vyake.

"Nani kapika?" Mzee Maftaha aliuliza.

Hakuna aliyehitaji kujibu. Funguo zililia ukumbini, na Bi Mwanahija akatokea. Alishika kifua. Akageuza uso kushoto, akageuza kulia, akarudi katikati na kutulia hapo, macho yamemtoka, kana kwamba kuna mtu anampiga picha na mwingine anapiga ngurumo. Zakia, aliyekuwa mlango wa jikoni na mwiko mkononi, alimtazama mama huyu mtu mzima na akamwonea kinyaa kabla hata hajamwona mjusi.

"Nyumba hii imelisha watu tangu mimi mwali," Bi Mwanahija alisema, sauti imevunjika mahali palepale panapotakiwa kuvunjika. "Leo mume wangu anaombewa rehema kwa mjusi."

"Mama, pilau nimelifunika mwenyewe," Zakia alisema.

"Basi umemfunika naye."

Zakia alipiga hesabu yake upesi. Alipakua jikoni, akafunika sinia kwa kawa, akalitoa mlangoni kama desturi, Yassin akapokea na kuingiza kwa wageni. Alisogea amwone huyo mjusi. Alikuwa mkavu, mweupe, mkia mzima. Mjusi aliyechemka na mchele na nyama angepondekapondeka. Huyu hakuwahi kuuona moto.

Lakini kabla hajasema, harufu ya pilau iliyochanganyika na ile sura ilimpanda kooni. Alitupa mwiko, akakimbilia nyuma ya choo, akatapika mpaka machozi yakamtoka.

"Mnaona?" sauti ya mkwewe ilimfuata. "Dhamiri hiyo inamsuta."

Dhamiri gani. Zakia alikuwa na mimba changa. Aliyeijua siri hiyo ni mtu mmoja tu, Kazija wa nyumba ya pili, mwanamke aliyempokea alipofika Masoko hamjui mtu, akamfundisha soko na majina ya watu na nani asalimiwe kwanza. Yassin hakuwa ameambiwa bado. Zakia alikuwa anangoja mimba ikae vizuri, asije akatangaza mapema husuda ikamtangulia.

Kwa hiyo elewa, msomaji, kilichokuwa juu ya lile sinia. Mwanamke akirudishwa kwao kwa ugomvi, huolewa tena. Akirudishwa kwa uvivu, watu husema atajifunza. Akirudishwa kwa uchafu wa jikoni, jina hilo humfuata mpaka kwa mwanawe, na mtoto huyo akipewa kitumbua na mamaye shuleni wenzake watakataa kuonja.

Zakia aliosha uso, akarudi uani. Wanawake wa mtaa walikuwa wamekaa kwenye jamvi, vichwa vimeinama pamoja. Wote hao ni watazamaji wa marudio ya saa nane mchana, pale pale kwa Bi Mwanahija, kila siku isipokuwa umeme ukikatika.

"Jumanne tuliangalia nini hapa?" aliwauliza.

Mmoja alijifunga upya kanga.

"Nauliza kwa wema. Jumanne, Mama Funguo alifanya nini kwenye maziwa ya yule mkwewe?"

Kila mmoja pale alikuwa na jibu. Jumanne wote walipiga kelele kwa pamoja, Mama Funguo aliponyanyua kifuniko na kudondosha mjusi kwenye sufuria ya maziwa, wageni wa posa wakiwa sebuleni. Kuna aliyemlaani kwa jina la Mungu. Kuna aliyesema mwanamke kama yule angekuwa Kilwa angechomwa moto.

Leo walikuwa wanatazama jamvi. Lile jamvi ni la Bi Mwanahija, na runinga ni ya Bi Mwanahija. Atakayesema neno ataisikilizia tamthilia dirishani, amesimama juani.

"Kazija," Zakia aliita.

Kazija alivuta kanga kichwani. "Mimi Jumanne nilisinzia, shoga."

Alisinzia. Kazija, ambaye Jumanne ndiye aliyepiga yowe kubwa kuliko wote. Zakia alimtazama mpaka Kazija akainuka kwenda kuangalia maji ambayo hakuna aliyeyateka. Chuki aliyoisikia Zakia kwa Kazija ilizidi ile ya mkwewe. Mkwe humpati kwa kuchagua. Shoga unamchagua mwenyewe.

Jioni Yassin alikaa ukingoni mwa kitanda, anasugua mikono kwa ndimu kutoa harufu ya pweza. Zakia alimweleza yote, toka ukavu wa mjusi mpaka sufuria ya maziwa.

"Unamsingizia mama yangu kwa mambo ya kwenye runinga," Yassin alisema.

"Sisingizii. Ni kitu kilekile. Kakiona, kakifanya."

"Mimi hayo mambo yenu siyajui, Zakia. Siku nzima niko na pweza. Hilo dude lenyewe hata kuliwasha siwezi, mwulize mama. Juzi kanicheka mbele za watu, eti nimeshika rimoti kichwa chini miguu juu."

Kweli, alikuwa ameshika rimoti kichwa chini. Zakia mwenyewe alicheka siku ile.

"Basi uniamini mimi."

Yassin alinusa vidole, akasugua tena. "Nenda Mtama ukapumzike kidogo. Watu wasahau."

Alilisema kwa upole sana, na upole huo ndio uliomchoma Zakia. Mume akikukasirikia unajua bado yumo. Huyu aliongea kama mtu anayemwonyesha mgeni njia ya stendi.

"Siendi," alisema. "Nikiondoka, nimekubali mjusi ni wangu."

"Basi kitaitwa kikao," Yassin alisema, na kujilaza akiupa ukuta uso wake.

Kikao kiliitwa Jumamosi, na mwitaji alikuwa Bi Mwanahija. Hapa ndipo alipofanya kosa ambalo mtu wa bara angelicheka.

Zakia ni Mmwera. Kwao, binti akiwa na shauri, anayekaa mbele ni mjomba, ndugu wa mama. Baba huja, hula, hupewa heshima zake, lakini neno lake ni la mtu aliyealikwa. Mjomba wake Zakia, Likwata, ndiye aliyepokea posa, na ndiye aliyekaa na Mzee Maftaha siku ya kupanga mahari. Bi Mwanahija alilijua hilo vizuri. Ila kwenye tamthilia anayeitwa siku ya aibu ni baba wa mwali. Huja amejikunja, hulia, huvua kilemba chake na kukiweka miguuni mwa mama mkwe. Bi Mwanahija alikuwa ameionja picha hiyo kichwani, na hakutaka mjomba yeyote amharibie.

Akamwita baba.

Mzee Amiri alitoka Mtama alfajiri, akapanda gari mpaka Lindi, akapanda lingine mpaka Nangurukuru, akafika Masoko na mfuko wa korosho za kukaanga kama zawadi. Alimkuta Bi Mwanahija kwenye kiti chenye mto mwekundu katikati ya sebule. Wageni wengine wote walikuwa chini. Wanawake wa jamvini walikuwepo wote, wanja umewakolea, maana na wao walitaka kuonekana vizuri kwenye aibu ya mwenzao.

"Shikamoo, baba," Zakia alisema.

"Marahaba, mwanangu. Umekonda."

"Mzee Amiri," Bi Mwanahija alianza, hata habari za safari hakuuliza. "Binti yako amenilishia wageni mjusi. Nakuuliza kama baba. Utanionyesha nini nijue kwamba unaona aibu?"

Mzee Amiri alikohoa. Alitazama kile kiti. Alitazama miguu ya Bi Mwanahija, iliyotiwa hina na kutangulizwa mbele kidogo, tayari. Kisha, Zakia akiona kwa macho yake, baba yake alipeleka mkono kichwani, akavua kofia, akapiga magoti na kuiweka chini, sentimita chache kutoka vidole vya hina.

"Nisamehe, dada," alisema. "Hivi ndivyo wanavyofanya. Na sisi Mtama tunaangalia."

Jamvi zima lilivuta pumzi. Kuna aliyefuta chozi.

Zakia aliona karaha. Kile kichwa cha babake chenye upara hakijawahi kuonekana wazi na mkwe yeyote. Kofia ile ilishonwa na marehemu mama yake Zakia, na sasa iko sakafuni mbele ya kuku wa kienyeji aliyejivika mkufu. Zaidi ya yote ilimchukiza kwamba mzee wake amesafiri njia yote ile kuja kucheza sehemu aliyopangiwa, na alikuwa ameikariri.

Aliinama. Bi Mwanahija alitabasamu, akidhani sasa ni zamu ya miguu yake. Zakia aliokota kofia, akaipangusa kwa kanga yake, akamvika baba yake na kuiweka sawa.

"Baba, inuka. Mjomba Likwata yuko wapi?"

"Hakuitwa," Mzee Amiri alisema, na alipolisema akaonekana kuzinduka. Aliinuka, akajipangusa magoti. "Kweli kabisa. Shemeji yangu hakuitwa. Mimi hapa sina neno. Mkinipa mtoto nimrudishe, nitamrudisha kwa nani? Aliyemtoa si mimi."

Mzee Maftaha alimgeukia shemeji yake. "Mwanahija, mimi na Likwata ndio tuliopeana mikono. Unaitaje kikao bila yeye?"

Kwa mara ya kwanza funguo hazikulia.

"Basi mpaka mjomba afike," Zakia alisema, "hakuna anayenirudisha popote. Na kwa kuwa wote mpo, baba mkubwa, naomba kitu kimoja. Jumamosi saa hizi wanarudia tamthilia ya wiki nzima. Kaeni mwangalie. Wewe na baba. Na Yassin."

"Mimi nina pweza kwenye barafu," Yassin alisema akiwa kasimama mlangoni.

"Kaa," Mzee Maftaha alisema.

Wakakaa. Wanaume watu wazima, kofia vichwani, mbele ya mwanamke wa Kihindi anayekaanga mandazi yao ya kule huku amevaa dhahabu ya kuolea mabinti watatu. Kiswahili cha Dar kinatoka kinywani mwake wakati midomo imeshafunga. Mzee Maftaha aliuliza kwa nini kila akija mtu mlangoni nyuso zote zinaonyeshwa mara tatu. Jamvini hakuna aliyepumua, maana kila mmoja alijua kinachokuja.

Kikaja. Mama Funguo aliingia jikoni kwa kunyata. Akafungua kitambaa. Akanyanyua kifuniko cha sufuria. Mjusi akadondoka kwenye maziwa.

"Astaghafirullah," Mzee Maftaha alisema.

Kila uso uligeuka kumtazama Bi Mwanahija. Ajabu ni kwamba yeye hakujishika kifua, wala hakugeuza uso kushoto na kulia. Alikaa tu kama mtu wa kawaida, na ukawaida huo ulimshtua Zakia kidogo, ila hakuutilia maanani. Alikuwa anaonja ushindi.

Ushindi wenyewe haukudumu.

"Nimeona," Mzee Maftaha alisema taratibu. "Sasa nieleweshe, binti yangu. Jumanne walioangalia hili ni kina nani?"

"Sisi wote. Mama alikuwepo."

"Na wewe ulikuwepo."

"Nilikuwepo."

"Basi kila aliyekuwa kwenye jamvi hili alipata somo lilelile. Na jikoni siku ya hitima alikuwa nani?"

Jikoni alikuwa Zakia. Aliwaleta waone ushahidi, na ushahidi ukamzunguka yeye. Jamvini minong'ono ilianza, na safari hii ndimi zililegea zote. Eti kumbe alitaka kumchafua mkwewe. Eti alimweka mjusi mwenyewe ili aseme kaigwa Mama Funguo. Eti watu wa bara ni wajanja sana. Wale wale waliokuwa mabubu siku ya hitima.

"Mjusi alikuwa mkavu," Zakia alisema. "Hakupikwa. Aliwekwa baada ya kupakua."

"Mpakuaji ni wewe," mmoja alisema, akacheka kwa pua.

Zakia aliwatazama wanawake hawa wenye wanja na hereni, wanaojua kulia kwa machozi ya kweli mwali wa kwenye runinga akionewa, na mwali wao wa mtaani wanamtafuna bila chumvi. Aliona afadhali mjusi. Mjusi anakula mbu.

"Baba," alisema, "chukua mfuko wako. Twende."

Na angekwenda kweli, na jina lile la uchafu, na mimba yake kimya tumboni. Alikuwa ameshafika kwenye viatu.

"Asiende," Kazija alisema.

Alikuwa pembeni mwa jamvi, kanga imemfunika mpaka machoni.

"Asiende, ana mimba. Sitaki dhambi ya mtoto. Mjusi nilimtoa mimi. Kwangu wanafia nyuma ya kabati, wanakauka. Niliombwa mmoja nikaambiwa ni dawa ya pumu. Nikatoa. Nilipomwona kwenye sinia nilimjua kwa mkia."

Mzee Amiri alikaa chini taratibu. Zakia alibaki kasimama na kiatu kimoja mguuni.

"Mwanahija," Mzee Maftaha alisema, sauti imekuwa nzito, "una la kusema?"

Bi Mwanahija alitikisa kichwa, na machozi yaliyomtoka hayakuwa na mpangilio wowote. Wanja ulimchuruzika mpaka kidevuni. "Sikumweka mimi, shemeji. Wallahi. Nilipomwona nilifurahi, hilo Mungu ananihukumu. Nilifurahi. Lakini sikumweka."

"Si yeye," Kazija alisema. "Aliyeniomba si Bi Mwanahija."

Runinga bado ilikuwa inapiga ngurumo zake. Mama Funguo alikuwa anacheka peke yake jikoni, na kicheko hicho kilimzuia kila mtu kusikia vizuri.

"Nani, basi?" Mzee Maftaha aliuliza.

Kazija alivuta kanga ikatoka usoni, akainua macho kuelekea mlangoni. Na Zakia akaliona tena lile sinia lake, limefunikwa kawa, likitoka mikononi mwake zima zima na kupokelewa na mikono yenye harufu ya ndimu.

Yassin alikuwa ameshapiga hatua kuingia ndani. Aliokota rimoti kwenye mkono wa kiti cha mama yake. Hakuigeuza, hakuitazama, hakutafuta kitufe. Kidole gumba chake kilikwenda penyewe, kelele zikapungua, kisha kioo kikawa cheusi.

"Sasa sema," alimwambia Kazija, "tukusikie."